Ndoto za Kopo la Bwana Shee

Vijana wa idara mmeniomba niandike miaka yangu ya kazi kabla sijaisahau, kana kwamba kusahau ni safari ambayo nimeshaikatia tiketi. Nashukuru. Mambo ya vyeo sitayagusa. Yamo kwenye faili, na faili zina kumbukumbu nzuri kuliko mimi. Nitaandika juu ya gari la sinema la serikali la miaka ya hamsini, juu ya kopo moja la bati, na juu ya mtu aliyenifunza kazi halafu mimi nikamponza. Anayetafuta namna ya kupanda ngazi afunge daftari hapa, sitamlaumu.

Mimi ni mtu wa Wenje. Kwetu tunalima kando ya mto, na mto ukitaka unalima na sisi. Nilijua kusoma, nilijua kutengeneza baiskeli, na sababu hizo mbili zilitosha kunifanya fundi wa mashine ya sinema. Nilipelekwa Garsen, mahali magari ya Malindi na ya Lamu yanapokutana, nikaambiwa nimtafute Bwana Shee. Nilimkuta ameinama chini ya gari, kanzu ameikunja kiunoni, anatoa matope kwenye magurudumu kwa kijiti. Hakuinuka kunisalimu. Alinisalimu akiwa huko huko chini, salamu ndefu, mpaka akauliza hali ya mto kwetu na hali ya mpunga, nami nikijibu nimesimama, magoti yangu usoni pake. Kisha akanipa kijiti cha pili.

Bwana Shee alikuwa mtu wa Kipini, mwembamba, mwenye sauti ambayo haikuhitaji kipaza sauti ingawa kazi yake ilikuwa ndiyo hiyo, kipaza sauti. Filamu zetu zilisema Kiingereza. Yeye alisimama kando ya kitambaa cheupe cha kuonyeshea picha akieleza kwa Kiswahili, na mahali pa Waorma akichomeka Kiorma cha kutosha. Mimi kazi yangu ilikuwa jenereta, taa, lenzi na filamu yenyewe. Wiki ya kwanza sikuruhusiwa kugusa mashine. Nilipewa kitambaa laini nifute lenzi, nilipomaliza nikaambiwa nifute tena. Nilidhani ni dharau. Baadaye, nilipoona doa la mafuta ya kidole likisimama kwenye kitambaa cha picha, kubwa kama ng'ombe aliyelala, nilielewa.

Lazima niwaeleze filamu zile, maana ninyi mmezaliwa na mitambo inayochagua yenyewe. Kila filamu ilikuwa na somo. Mtu mmoja anafanya vibaya, anaumwa au shamba lake linakufa. Mwenzake anafanya vizuri, ananenepa. Ilipigwa bara, penye baridi, watu wamevaa makoti. Tuliwaonyesha wafugaji wa uwanda wa Tana jinsi ya kukata mitaro kwenye mlima. Mlima wenyewe hawajauona. Walikaa kwa adabu, wakatazama makoti. Mwisho wa onyesho tulijaza fomu: mahali, idadi ya watu, jina la filamu, na safu ya mwisho iliyoandikwa Funzo. Hapo Bwana Shee alitakiwa aandike watu wamejifunza nini. Aliandika kwa mwandiko mzuri sana kwamba watu wa Garsen wamejifunza kukata mitaro mlimani.

Sasa, filamu ilikuwa inakatika. Vumbi, joto, meno ya mashine yaliyochakaa, basi katikati ya onyesho unasikia mlio na kitambaa kinabaki cheupe. Unakata sehemu iliyoharibika kwa wembe, unakwangua utando kidogo, unapaka gundi iliyokuwa na harufu ya ndizi zilizoiva kupita kiasi, unabana ncha mbili pamoja, unangoja. Bwana Shee alipima kungoja huko kwa kusoma Kulhuwallahu mara tatu, polepole, bila kuruka. Viungo vyake, yaani mahali alipounga, vilipita kwenye mashine kimya. Mimi nilisoma mara moja, tena mbio. Viungo vyangu vilikuwa vinene, na kila kimoja kikipita kilisema tak. Haraka haraka haina baraka, mnaijua, lakini mimi nilikuwa kijana na watu walikuwa wanapiga miluzi gizani.

Vile vipande vilivyokatwa mtu mwingine angevitupa. Bwana Shee alivitia kwenye kopo la biskuti. Niliposikia kwamba kopo lina miaka mingi kuliko mimi kazini, nilidhani anavikusanya atengeneze vitana na vifungo vya kuuza, maana watu wa pwani ni hodari wa kutafuta matumizi. Kumbe alikuwa anaunga. Mchana, watu wote wakiwa wamelala kwa joto, alikaa chini ya gari na wembe wake, akitoa kipande, akikiinua kwenye mwanga, akikirudisha, akitoa kingine. Mwisho wa miezi alikuwa na filamu ya dakika tatu au nne. Zilikuwa kadhaa. Hakuna hata moja iliyokuwa na mwanzo wala mwisho.

Nitaieleza moja, ile watu waliyoipenda zaidi. Gurudumu la treni linazunguka. Maziwa yanamiminwa kwenye ndoo, na yanaendelea kumiminwa kwa muda mrefu kuliko unavyotegemea. Mbwa anakutazama. Kijiji kimepinduliwa, kwa kuwa kipande kile alikiunga miguu juu, moshi wa jikoni unashuka taratibu kuelekea mbinguni. Kiti kitupu barazani, kimetengwa kwa ajili ya mgeni mkubwa ambaye hajafika, bendera ndogo inapepea nyuma yake. Mbwa tena. Maji ya ziwa. Buti za askari wa gwaride, buti tu, bila watu. Mikono ya mwanamke inafunga dirisha. Mamba anafungua mdomo. Maji. Halafu kijiji kile kile, sasa kimesimama sawa, na ukikiona kimesimama sawa unahisi wewe ndiye uliyepinduka. Sauti aliizima. Ulisikia jenereta tu, na yeye mwenyewe, mtu wa maneno, aliweka kipaza sauti chini na kunyamaza.

Mara ya kwanza nilipoiona niliudhika. Nasema kweli. Nyanya yangu kule Wenje alikuwa mtambaji wa hadithi, na hadithi zake zilifika mwisho hata kama wewe umeshalala. Nilimuuliza Bwana Shee mbwa yule anatafuta nini. Akaniambia hajui, amemkuta tu. Nikamuuliza sasa watu wataelewa nini.

"Jilo," akasema kwa lahaja ya kwao, ambako macho ni mato na mchana ni mtana, "wacha mato yaone kwanza. Ulimi una pupa, utakuja wenyewe."

Na watu, jambo ambalo lilinishangaza, hawakuondoka. Waliokuwa wakizungumza walinyamaza. Waliokuwa wakitafuna waliacha kutafuna. Huko Kinakomba mkulima mmoja alinifuata asubuhi yake, mtu mzima, akaniambia kwamba baada ya ile picha ya mwisho alimkumbuka dada yake aliyeolewa mbali, na leo anataka kwenda kumwona. Katika filamu ile hapakuwa na dada wa mtu. Wengine walisema wamesikia ubaridi, wengine walisema wamesikia raha na hawajui ya nini. Waliziita ndoto. Tukifika mahali, kabla hatujashusha kitambaa, watu wanauliza kama ndoto imekuja. Habari ya mitaro hakuna aliyeiulizia.

Aliyezipenda kuliko wote alikuwa Mama Habiba, Muorma aliyeuza maziwa Garsen. Alikuja kila onyesho, akakaa mbele, mgongo umenyooka, kibuyu chake miguuni. Filamu za somo zikiendelea alizungumza na jirani, tena kwa sauti. Ndoto ikianza alijifunika kichwa vizuri kama mtu anayeingia msibani au harusini. Asubuhi alituletea maziwa, tukinywa yeye akinyamaza. Kwao ndivyo ilivyo: mgeni huulizwa habari baada ya kunywa. Kabla ya hapo ni salamu tu, na salamu hizo ni nyingi na jibu lake ni moja, amani.

Kwenye fomu, siku za ndoto, Bwana Shee aliandika mahali, aliandika idadi, mahali pa jina akaandika Mchanganyiko, na safu ya Funzo akaiacha tupu. Nilimwambia aandike chochote. Alisema ya mitaro aliandika kwa kuwa mitaro ilikuwemo, lakini hili la kubuni somo ambalo halimo lingekuwa uwongo. Alikuwa mtu wa namna hiyo, anaweza kukuchosha.

Miaka ile haikuwa ya kuacha nafasi tupu. Bara serikali ya kikoloni ilikuwa imetangaza Hali ya Hatari, na huko juu ya mto kulikuwa na kambi ya watu waliofungwa bila kesi. Mtu aliweza kuchukuliwa kwa wimbo. Makao makuu akaingia karani mpya, akapitia fomu za zamani, akaona safu tupu, nyingine tupu, nyingine tupu, zote za Garsen na vijiji vyake. Barua ilikuja kwa basi la Malindi. Ilisema afisa wa idara atafika Jumatano kuitazama hiyo filamu ya Mchanganyiko, na mtafsiri, yaani Bwana Shee, awe tayari kueleza maana yake na sababu ya kuonyeshwa kwa raia.

Bwana Shee aliisoma mara mbili, akaikunja, akasema vizuri, na aje aone. Alikuwa amebakiza muda mfupi tu astaafu. Jumatatu akavuka mto kwenda Kipini, kwa kuwa binti yake alikuwa ana mtoto wa siku saba na nywele zilikuwa hazijanyolewa, akaniachia gari, funguo na kopo. Nilimwambia tuifiche ile filamu, tuseme imeungua. Akaniangalia kama mtu aliyeshauriwa amfiche mama yake.

Sasa nifike mahali ambapo ningependa kupita mbio. Niliogopa kwa ajili yake, niliogopa kwa ajili yangu pia, na woga ukanipa akili. Nikafikiri: tatizo ni kwamba haina hadithi. Afisa anataka hadithi na funzo. Vipande vipo. Anayejua kuunga yupo. Jumanne nilikaa chini ya gari na wembe, nikaivunja ndoto ya Bwana Shee kiungo kwa kiungo, nikaipanga upya. Nilitunga safari ya askari wema. Treni inawaleta. Wanatembea, buti zile. Wanafika majini. Wanamwona mamba, kwa hiyo kuna hatari kidogo, hadithi bila hatari hailiwi. Halafu kiti, maana wamefika na wataketi wapumzike. Mwanamke anafunga dirisha, jua limekuchwa, watu wanalala salama. Na mwisho nikaweka maziwa yanamiminwa, kipande chote kirefu, kwa sababu nilitaka watu wapate riziki. Mbwa na kijiji kilichopinduka niliviacha nje. Nilikuwa na furaha sana. Sikuijaribu kwenye mashine kwa kuwa petroli ilikuwa ya kupimiwa. Niliitazama kwa mkono tu, picha ndogo ndogo kwenye mwanga, nikaridhika.

Ushauri wangu wa pekee wa kikazi katika kurasa hizi ni huu: usionyeshe kitu ambacho hujakiona kikitembea.

Jumatano afisa alikuwa amefika kabla ya chai. Bwana Shee aliteremka kwenye pantoni wakati afisa ameshaketi, kwa hiyo sikupata nafasi ya kumwambia. Nilijaribu kwa macho. Alidhani nina homa. Tuliingia kwenye ghala la nafaka, tukaziba madirisha kwa magunia ili pawe na giza, tukatundika kitambaa. Afisa alikuwa Mzungu wa makamo, mtu mpole kwa kweli, mwenye Kiswahili cha mashamba ya Wazungu. Alisema anataka raia mmoja aliyeiona filamu hiyo awepo, na Mama Habiba ambaye alikuwa mlangoni na kibuyu chake aliingia kabla hajaitwa.

Niliwasha mashine. Treni. Tak. Buti za askari zikapita, kubwa, ukuta mzima, zikaenda. Tak. Maji. Sikuwa nimejua kwamba kwenye kitambaa buti zile zitakuwa zinaelekea upande ule ule wa maji, kwamba mtu akizitazama ataziona zikiingia mtoni. Tak. Mamba akafungua mdomo. Tak. Kiti kitupu, na bendera ndogo nyuma yake inapepea. Kiti hicho kilikuwa cha mgeni mkubwa wa serikali, kila mtu aliijua bendera ile. Tak. Mwanamke akafunga dirisha, taratibu. Na halafu maziwa yakaanza kumiminwa, yakamiminwa, yakamiminwa, kama kwenye karamu, na mimi kando ya mashine nikiyaombea yaishe. Yalichukua muda mrefu sana maziwa yale.

Afisa aliomba gunia moja litolewe dirishani. Mwanga ukaingia. Alimuuliza Bwana Shee maana yake ni nini.

"Haina maana, Bwana. Ni ya kutazamwa."

Afisa akasema polepole kwamba yeye ameona askari wakiingia majini, akaona mamba, akaona kiti cha mkubwa kikibaki kitupu, na baada yake akaona sherehe. Akauliza tena, je, hiyo haina maana? Hakupaza sauti, na hilo lilinitisha zaidi. Bwana Shee alikuwa anakitazama kitambaa ambacho sasa hakikuwa na kitu. Hakunitazama mimi hata kidogo.

Mama Habiba ndiye aliyesema. Hakuulizwa.

"Bwana, mimi nauza maziwa, mimi hapana jua kitabu. Lakini wewe nakuja kwangu, mimi nauliza, ng'ombe amani? Wewe nasema amani. Watoto amani? Amani. Mvua amani? Amani. Hata ng'ombe yako yote imekufa, wewe nasema amani. Habari iko wakati yake, nyuma ya maziwa. Sasa picha yenu ingine yote ni habari: lima hivi, osha hivi. Mnaleta habari bila salamu. Ndoto ya Shee ni salamu. Nani nauliza salamu, wewe maana yako nini?"

Afisa alimsikiliza mpaka mwisho, nampa haki yake. Nadhani alielewa, aliinamisha kichwa na kugeuza kofia mkononi. Kama angeishia hapo mambo yangekwisha vizuri. Lakini Mama Habiba alikuwa mtu mkweli.

"Lakini ya leo si ile," akasema. "Ile mimi naona mara mingi. Ya leo mtu amevunja. Ya leo ni habari, tena habari mbaya."

Afisa aliuliza kama ni kweli filamu imebadilishwa, na kama imebadilishwa, ni nani. Hapo ndipo ilikuwa zamu yangu. Nilikuwa hatua mbili kutoka kwao. Neno lenyewe ni fupi. Nilifikiria kambi ya juu ya mto, nikamfikiria mama yangu Wenje, na wakati mimi bado nafikiria Bwana Shee akasema, kwa ile sauti yake ya jukwaani, "Ni ile ile, Mama. Mato tu ya mtana, giza halikutimia."

Mama Habiba alimtazama yeye, kisha akanitazama mimi, akafunga mdomo.

Afisa hakumpeleka mtu kokote. Alisema hana hakika ya alichokiona na hapendi kuandika barua juu ya kitu asichokuwa na hakika nacho. Lakini kopo na filamu zake zote vichomwe, na mtafsiri aende nyumbani; atakuja mwingine. Tulichoma nyuma ya ghala. Filamu zile haziwaki kwa haraka kama watu wanavyodhani. Zinajikunja, zinatoa moshi mchafu, zinayeyuka taratibu. Bwana Shee alisimama akiangalia kazi ya miaka yake mpaka kopo lenyewe likawa jeusi, kisha akaniambia nisisahau kufunika lenzi, moshi ni mbaya. Mama Habiba akatumiminia maziwa. Tulikunywa, Bwana Shee na mimi, tumechutama. Nilipomaliza nikarudisha kikombe, na yule mama akangoja. Nilijua anangoja nini. Nilimshukuru kwa maziwa nikainuka.

Mtafsiri mpya alikuwa kijana safi aliyejaza safu zote. Tuliendelea kuzunguka, Kinakomba, Wenje, Garsen. Watu waliuliza ndoto iko wapi, tukasema imekwisha. Wakaendelea kuja, kwa sababu hapakuwa na kingine cha kwendea, lakini walirudia kutafuna na kuzungumza. Mimi nilijifunza kusoma Kulhuwallahu mara tatu. Viungo vyangu vikawa kimya, na kila nilipobana filamu nikahisi aibu ile ile, kifuani, mahali pale pale.

Ilichukua miaka mitatu kabla sijapata ujasiri wa kwenda Kipini. Nilikuwa nimejitungia maneno njia nzima. Nilimkuta amekaa ndani, macho yamefifia, mjukuu yule wa siku saba sasa anakimbia uani. Alinitambua kwa hatua. Akaanza salamu: hali yangu, hali ya mama, hali ya mto, hali ya gari, jenereta bado inakohoa? Kila kitu nikajibu njema. Kahawa ikaja. Tukanywa. Vikombe vikawa vitupu, na mimi nikaanza kueleza hali ya barabara ya Witu kwa kirefu ambacho hakuna barabara inayostahili. Mwisho nikaaga. Alinisindikiza mpaka kizingitini, mkono ukutani.

"Kiungo chako kina mlio, Jilo," akasema. "Siku ile nilivisikia vyote vikipita. Cha kwanza tu nikajua."

Sikuweza kumtazama. Nilimuuliza kwa nini basi hakusema.

"Wewe ulikuwa na maisha mbele, mimi nilikuwa na miezi tu ya kazi. Na yule mtu alitaka maana. Akimpata mtoto wa mto aliyekaa mtana kutwa na wembe akiipanga, maana ameshaipata." Akanigeuzia uso. "Salamu umeshazitoa, zote njema. Sasa nipe habari."

Kwa hiyo nilisema, pale mlangoni, nikiwa nimeshavaa viatu. Nilivunja mimi. Niliunga mimi. Mama Habiba aliposema kweli mimi nilinyamaza. Alisikiliza akiitikia kwa kichwa kama mtu anayesikia kitu anachokijua, lakini alikuwa bado hajakisikia kikisemwa. Nililia, na sioni haya kuliandika.

Alingoja nimalize. Kisha akauliza jambo moja ambalo nadhani lilimkaa miaka yote ile. "Yale maziwa ya mwisho. Uliyaweka ya nini?"

"Nilitaka iishe vizuri."

Bwana Shee alicheka mpaka akashika kizingiti, mpaka mjukuu akaja kuona kuna nini. Alipopata pumzi aliniambia nivue viatu nirudi ndani, kahawa bado ipo.